Nilivyomfundisha mpwa wangu safu za milima kwenye mchanga wa Shela

Sisi Lamu hatuna mlima. Kirefu tulicho nacho ni vilima vya mchanga vya Shela, kwa hivyo mtoto wa hapa akitajiwa Himalaya anasikia jina tu. Mpwa wangu alikuwa na mtihani wa jiografia, na kila niliyemuuliza alinijibu hivyo hivyo: mkaririshe. Ushauri huo unaniudhi mpaka leo.

Maana tulikariri. Orodha tuliitia mahadhi ya kasida, akaishika jioni ile ile: Rocky, Andes, Alps, Atlas, Ural, Himalaya. Nikamfungulia ramani ya ukutani, niliyoiagiza Mombasa kwa kama elfu moja hivi, nikamwambia nioneshe Andes. Kidole kikaenda Asia. Majina anayo, mahali hapajui, na mtihani huuliza mahali.

Basi maji yalipokupwa nikamchukua Shela, na kamba ya mashua na leso. Mabara tuliyazungushia kamba kwenye mchanga mbichi. Kichwa cha ramani nilikielekeza kibla, kwa sababu kwetu kibla ni kaskazini karibu sawasawa, na hakuna mtoto wa Lamu asiyeijua. Dira ya nini?

Andes aliijenga mwenyewe. Nilimwambia aanzie Venezuela ashuke mpaka ncha ya Chile, na tuta lisiachane na kamba ya magharibi, kwani safu ile imebanana na Pasifiki kwa kilomita 7,000 hivi. Alikandika mchanga kwa viganja, mgongo umeinama, hata akafika Argentina karibu na mpaka wa Chile. Hapo akachomeka kauri: Aconcagua, mita 6,961.

Kisha nikampa ufunguo wangu: kuna safu zilizosimama na safu zilizolala. Rocky ya Kanada na Marekani, Andes, na Ural inayogawa Ulaya na Asia ndani ya Urusi, zimesimama, kaskazini kwenda kusini. Alps, Himalaya, na Atlas ya Moroko, Aljeria na Tunisia zimelala. Tangu hapo hakuzichanganya tena.

Himalaya ndiyo niliyoifurahia zaidi. Nilitandaza leso, nikamwambia ashike pindo la kusini alisukume kuelekea kibla. Mikunjo ikainuka, yote imelala mashariki-magharibi. Nikamwambia pindo hilo ni India. Ilianza kuigonga Asia miaka milioni 50 hivi iliyopita, na bado inasukuma. Ndiyo maana Everest imefika mita 8,849, mpakani mwa Nepal na China. Nikamweleza pia kwamba pepo za kusi, zilizokuwa zikipeleka majahazi yetu India, ndizo zinazofika kwenye ukuta ule, zikapanda na kumwaga mvua. Alisukuma leso ile mpaka nikamnyang'anya.

Kilimanjaro, mita 5,895, msimwekee mtoto kwenye orodha hii. Ni volkano iliyosimama peke yake, si safu. Afadhali mumwoneshe Hajar ya Oman, ambako wengi wetu tuna jamaa.

Kwenye mtihani aliziweka zote mahali pake, na nilifurahi kupita yeye. Mkitaka kujaribu, ulizeni kwanza saa za maji. Sisi yalijaa hatujafika Australia, na safu yake ya mashariki tukaimalizia nyumbani, kwa unga, kwenye sinia.