Usiku mmoja na filamu mbili za Krystyna Janda

Juzi usiku, watoto walipokwisha kulala, nilitazama filamu mbili za Krystyna Janda, mwigizaji wa Polandi aliyezaliwa mwaka 1952 katika mji wa Starachowice, na hadi sasa sauti yake haijanitoka masikioni.

Ya kwanza ni "Przesłuchanie", yaani Mahojiano, ambamo anaigiza mwimbaji anayeleweshwa kwa pombe na kujikuta gerezani katika zama za Stalin, bila kujua kosa lake. Filamu hiyo ilikamilika mwaka 1982, nchi ikiwa chini ya sheria ya kijeshi, na wakubwa wakaipiga marufuku. Watu walipitishiana kanda zake kwa siri mpaka ilipoachiwa mwaka 1989. Mwaka uliofuata Janda alitunukiwa tuzo ya mwigizaji bora wa kike kwenye tamasha la filamu la Cannes, Ufaransa, heshima ambayo naona ilichelewa mno.

Lakini iliyonishika zaidi ni "Tatarak" ya mwaka 2009, iliyoongozwa na Andrzej Wajda, yule yule aliyemfungulia mlango wa sinema mwaka 1977. Mumewe Janda, mpigapicha wa filamu Edward Kłosiński, alikuwa amefariki Januari 2008. Ndani ya chumba chenye mwanga hafifu, kamera ikiwa imetulia tuli, mjane huyu anasimulia kwa maneno yake mwenyewe siku za mwisho za mumewe, bila muziki wa kumsaidia kulia. Nilimuuguza baba yangu. Ilinibidi nisimamishe filamu, niende jikoni kunywa maji, ndipo niweze kuendelea.