Mapazia ya Shangazi

Leo nimefua mapazia ya Shangazi. Mwenyewe amekaa kitandani, mgongo ukutani, ananitazama. Dirisha likibaki tupu hata kidogo anaanza kutetemeka, kwa hiyo natoa pazia moja, natundika blanketi mahali pake, nafua, nakausha, narudisha, ndipo nashika jingine. Kazi ya saa mbili inakula siku nzima.

Miaka mingi nilidhani ni ukaidi wa uzee. Kisha akaanza kusema kuna watu ndani ya gari jeupe nje ya geti, wanamsubiri achungulie. Nikavuta pazia: "Shangazi, lile ni gari la mwalimu wa nyumba ya pili. Njoo uone mwenyewe." Akanitazama kwa huruma, kama mtu anayemtazama mgonjwa. "Nyamaza, mwanangu, watakusikia."

Ijumaa ya tarehe 7 Agosti 1998 alikuwa kazini katikati ya Nairobi, si mbali na ubalozi wa Marekani. Kwanza ulisikika mlipuko mdogo, wa guruneti. Watu maofisini wakakimbilia madirishani kutazama kuna nini. Bomu lenyewe likafuata, na vioo vikawapasukia usoni. Nairobi peke yake walikufa watu 213. Waliojeruhiwa ni maelfu, na kati yao wapo wengi waliopoteza macho kwa sababu tu walichungulia. Shangazi alikuwa amevua viatu chini ya meza, aliinama kuvitafuta. Rafiki yake alikuwa ameshafika dirishani, anamwita: njoo uone.

Haya alinisimulia mara moja tu, mwaka jana, usiku stima zimepotea. Sikulala. Maneno yale yale nimemwambia mara ngapi mimi?

Wapo jamaa wanaosema amerogwa, na inaniuma sana. Tunakwenda kliniki kila mwezi. Dawa zimelisogeza mbali lile gari jeupe, ingawa hazijaliondoa. Daktari alituomba tusibishane naye, wala tusijifanye tunawaona hao watu. Tumuulize anaogopa nini, tukae naye. Kukaa naye ni kugumu kuliko kubishana.

Nilipotundika pazia la mwisho jioni hii, akauliza kama nimechungulia nje.

"Sijachungulia, Shangazi." Na kweli sikuwa nimechungulia.

Akasogea, akanipa nafasi kitandani.