Mnara wa Siloamu na mwaka wetu huu wa 2024

Bwana Yesu asifiwe wapendwa. Wiki hii usingizi umekuwa kidogo kwangu. Nimepewa kuongoza maombi ya shukrani kwa ajili ya taifa kwenye mkesha wa kufunga mwaka, wazee wa kanisa wakaniambia niandike mambo makubwa ambayo Mungu ametutendea Uganda mwaka 2024, niyasome mbele ya watu halafu tumshukuru kwa moja moja. Kazi nzuri. Nikaandika medali za Paris, nikaandika bwawa la Karuma limefunguliwa rasmi mwezi wa tisa, megawati 600, nikaandika Cranes, timu yetu ya taifa ya mpira, wamefuzu kwenda AFCON, Kombe la Mataifa ya Afrika, nikaandika hesabu ya watu ya mwezi wa tano iliisha salama na tukajua tuko karibu milioni 46. Halafu nikarudi kwenye mwezi wa nane na wa tisa na hapo nikakwama mpaka leo, manake kila nikipiga magoti anakuja mtu mmoja mbele yangu, nimeona afadhali niwaandikie kabla ya mkesha niseme kinachonisumbua.

Mnajua vile mwezi wa nane ulianza huku kwetu Sebei, kwenye Mlima Elgon. Tarehe 2 usiku Joshua Cheptegei akachukua dhahabu ya mita 10,000, dakika 26 na sekunde 43, rekodi ya Olimpiki, na watu walitoka barabarani usiku ule, hata mabibi wazee ambao Paris hawajui iko upande gani walipiga vigelegele. Siku nne baadaye Peruth Chemutai wa Bukwo akaleta fedha, mita 3,000 za kuruka vizuizi na maji. Uganda nzima ilipata medali mbili tu kule na zote zimetoka mlima huu. Tulishukuru, na tulifanya vizuri kushukuru.

Jumapili ya tarehe 11 ikawa marathoni ya wanawake. Ilikuwa asubuhi, saa za ibada, wengi wetu tulikuwa kanisani. Rebecca Cheptegei, askari wa jeshi letu, mama wa mabinti wawili, alikimbia kilomita 42 akamaliza wa 44. Mtu wa 44 hapigiwi ngoma, sikumbuki hata kama tulimtaja kwenye maombi ya jioni. Wiki tatu baadaye, Jumapili tena, tarehe 1 mwezi wa tisa, alikuwa ametoka kanisani na binti zake, huko ng'ambo Kenya, Trans Nzoia, alikonunua kiwanja akajenga ili awe karibu na mazoezi, na mwanaume aliyewahi kuishi naye akammwagia petroli akamwasha moto. Alhamisi akafa hospitalini Eldoret. Miaka 33. Tarehe 14 tukamzika Bukwo kwa heshima za jeshi.

Sasa Luka 13 mnaijua. Watu walikuja kwa Yesu na habari za wiki, habari za damu, ya Wagalilaya waliouawa na Pilato, na Yeye akawaongezea habari nyingine ambayo nadhani mji wote ulikuwa unaizungumza: wale kumi na wanane walioangukiwa na mnara huko Siloamu. Akawauliza, mnadhani hao walikuwa wakosaji kuliko wote waliokaa Yerusalemu? Akajibu mwenyewe, sivyo. Halafu akawageuzia maneno wao waliosimama pale wakiwa wazima: msipotubu, ninyi nyote mtaangamia vivyo hivyo.

Hilo neno limenifuata mwaka mzima bila mimi kujua. Jumamosi ya tarehe 10 mwezi wa nane, siku moja kabla ya ile marathoni, mlima wa takataka wa Kiteezi uliporomoka baada ya mvua kubwa ukafunika nyumba na watu waliokuwa ndani, zaidi ya 30 wakafa, na watoto wadogo kati yao. Takataka za Kampala zilimwagwa pale tangu 1996. Meseji zikaanza kuzunguka kwenye simu zetu, ati Mungu ameipiga Kampala kwa dhambi zake, nyingine zimetumwa na watu waliookoka kabisa, na aya za Ufunuo chini. Wapendwa, walioangukiwa si wao walioujaza ule mlima. Ulijazwa na mji mzima, maganda ya matoke ya tajiri na kavera, mifuko ya plastiki, za maskini, magari yakaendelea kumwaga wakati kila mtu anaona pameshajaa, halafu ukamwangukia mama ambaye pesa zake zilitosha kupata chumba pale tu. Huyo ndiye wa kumuuliza dhambi yake?

Na tarehe 2 mwezi wa kumi na moja, Palabek kule Lamwo, wakimbizi walikuwa wamekusanyika kwa maombi, radi ikapiga, watu 14 wakafa. Kwa maombi! Atakayesema hao walikuwa wakosaji kuliko wengine aje aniambie mimi uso kwa uso. Na mwisho wa mwezi huohuo mlima wetu huuhuu ukateremka usiku upande wa Bulambuli, Masugu na vijiji jirani, wengine hawajaonekana hadi sasa, tunao jamaa zao hapa kwenye ushirika wetu, muwasalimie vizuri na mkawape mkono msiishie kwa pole.

Lakini nataka kukaa kwa Rebecca, manake kwa yule hakuna mvua wala radi ya kusingizia, na kwa yule sisi watu wa kanisa tulijua la kusema haraka sana. Wiki ile ya msiba nilisikia swali moja kila mahali. Dukani, kwenye teksi ya kwenda Mbale, nje ya kanisa baada ya ibada watu wakisalimiana. Alimfanyia nini huyo mwanaume? Ati lazima kuna kitu. Ati wanawake wakishapata pesa za kukimbia hawashikiki. Wengine ni akina mama wenzake walisema hivyo, wanasema polepole na kichwa kimeinama kidogo kama wanamhurumia. Hili ndilo swali la Siloamu, ndugu zangu, hakuna tofauti hata kidogo. Mnara umemwangukia mtu na sisi tunatafuta kosa lake ili tulale vizuri.

Baba yake alisema mbele ya waandishi wa habari kwamba ugomvi ule ulikuwa wa kiwanja na walisharipoti kabla. Kwa hiyo ilijulikana. Agnes Tirop alikufa Iten, Kenya, 2021, Damaris Mutua Iten 2022, wote wakimbiaji, wote mikononi mwa mtu wa nyumbani kama kesi zao zinavyosema, kwa hiyo ilijulikana hata kabla ya hapo. Mnara wa namna hii hauanguki siku moja, unapasuka kwanza, na watu wanapita wanaona ufa.

Wacha niwape ushuhuda wa nyumbani kwetu. Shangazi yangu, dada mkubwa kabisa wa baba yangu, mkono wake wa kulia haukunji. Kifundo kilivunjika, kikafungwa vijiti na mzee wa kienyeji, kikapona kimepinda. Mpaka leo anamimina chai kwa mkono wa kushoto, birika analiegemeza kwanza kwenye ukingo wa meza ndio aliinamishe, na ukitaka kumsaidia anakataa. Sisi watoto tuliambiwa alianguka akitoka mtoni. Tulipokuwa wakubwa akatusimulia mwenyewe. Alitoka kwa mume wake usiku na mtoto mgongoni akakimbilia kwa watu wa kanisa, kanisa ambalo sitalitaja, wakamkalisha, wakampa uji, wakamwombea kwa machozi ya kweli, halafu asubuhi mzee mmoja akafungua Mithali 14 akamsomea mwanamke mwenye hekima huijenga nyumba yake bali mpumbavu huibomoa kwa mikono yake mwenyewe, wakamsindikiza mpaka kwa mume. Wakaimba njiani. Mkono ulivunjwa wiki ile baada ya kurudishwa. Alituambia, mwanangu, mimi nilirudi kwa sababu ya lile andiko, nilimwogopa Mungu kuliko nilivyomwogopa yeye.

Nimelia juu ya sentensi hiyo wiki hii. Mtu kurudishwa kwenye kipigo kwa jina la Yesu! Na shangazi hakuacha wokovu, hilo ndilo linanishangaza, bado anafika kwenye maombi ya asubuhi kabla yetu sote. Neema ya Mungu ilimshika mahali ambapo watu wake walimwachilia. Lakini neema hiyo isitufanye tuseme basi mambo yaliisha vizuri. Mkono bado haukunji.

Kwa hiyo nasema kwa wazee na wachungaji, kwa heshima yote, nyinyi ni baba zetu: mwanamke akija usiku na mtoto mgongoni, msifungue Mithali. Fungueni mlango, mpeni mahali pa kulala, asubuhi mmpeleke kituo cha afya na kwa mwenyekiti wa LC, baraza la kijiji, na polisi, mwende naye, msimtume peke yake manake akienda peke yake anaambiwa arudi yakazungumzwe nyumbani. Sheria ya ukatili wa majumbani nchi hii inayo tangu 2010, haijakatazwa kwa watu waliookoka. Na Malaki 2:16 ambayo tunapenda kuisoma kwenye vikao vya ndoa, tuisome mpaka mwisho. Tunasoma Mungu anachukia kuachana tunafunga Biblia. Aya bado inaendelea, inasema anamchukia pia yule anayefunika vazi lake kwa udhalimu. Mbona nusu hiyo sijawahi kuisikia harusini?

Kwa wanaume wenzangu nina neno fupi lakini nalisema kwa uchungu. Ukimpiga mke wako Jumamosi halafu Jumapili unakamata spika unaongoza sifa, hizo sifa zinafika wapi? Petro anasema mkae na wake zenu kwa akili, mkiwapa heshima, kusudi kuomba kwenu kusizuiliwe, 1 Petro 3:7. Umekuwa ukiomba mwaka mzima Mungu akufungulie mlango wa pesa za shamba na masomo ya watoto na hujibiwi, umefunga na kukesha, na jibu labda liko kwenye jicho la mke wako lililovimba. Huyu wa Rebecca hakuanza na petroli. Alianza mahali fulani padogo, kwa neno, kwa kofi, kwa kuhesabu pesa za Rebecca kama zake yeye, na nina uhakika kulikuwa na mwanaume mwingine karibu ambaye angeweza kumshika mkono akamwambia ndugu yangu acha. Wewe kuwa huyo mwanaume. Kama rafiki yako anacheka akikusimulia vile amemnyoosha mke wake, usicheke naye. Hilo tu ukilifanya mwaka ujao umefanya huduma.

Na dada zangu. Kuvumilia ni tunda la Roho, ni kweli, lakini Daudi alivumilia Sauli akiwa mbali naye, porini, hakukaa mezani kungoja mkuki mwingine. Aliporushiwa mkuki alikimbia, na Biblia haijamwita mwasi. Kama wewe ni huyo ninayemwandikia na unasoma hii kwa kujificha, toka, tutasali ukiwa salama. Kuna ile laini ya bure ya Sauti, 116, wanapokea kesi za watoto na za ukatili wa nyumbani, na kuna milango ya baadhi yetu hapa, mnatujua.

Nilitaka kuandika pia juu ya Kwoyelo, aliyetekwa na waasi akiwa mtoto akakua akawa kamanda wao, na mwezi wa kumi mahakama ikamhukumu miaka 40, manake kule Acholi wana maswali mazito ya toba na haki ambayo sisi wa mashariki hatujawahi kuyabeba. Itabidi iwe wiki nyingine.

Kuhusu mkesha nimeamua hivi, na nimeshamwambia mchungaji akakubali. Nitasoma medali zote mbili tutapiga makofi, nitasoma Karuma na Cranes na mvua iliyotupa mahindi. Halafu nitasoma Kiteezi, Palabek, Bulambuli, na jina la Rebecca Cheptegei, kisha hatutashukuru kwanza, tutatubu kwanza, na wataanza wanaume wakiwa wamesimama mbele, mimi nikiwa kati yao. Tusimtume mtu mwingine atubu kwa ajili yetu. Nchi yenye watu karibu milioni 46 haitageuka kwa usiku mmoja, lakini nyumba zilizo kwenye ushirika huu tunazijua kwa majina.

Ee Bwana utujulishe kuzihesabu siku zetu, na hizi za mwezi wa nane na wa tisa utusaidie tusizihesabu haraka haraka. Uwafunike wale mabinti wawili waliobaki bila mama. Amina.

Mkesha unaanza saa tatu usiku. Wanaume mje saa mbili, tunakutana kwenye darasa la watoto wa sandeskul, tuongee kabla kwaya haijaanza. Msilete visingizio vya ng'ombe.