Mbingu ya Chaki

Ulimwengu niliokuwa nikiubuni ulikwisha kuwa na bahari, falme mbili zisizosemezana, na mji uliojengwa juu ya mgongo wa mnyama aliyelala. Kilichobaki ni anga. Nilitaka wakazi wake wawe na miezi mitatu ya kuwaangazia usiku, na uwepo usiku mmoja wa nadra ambao yote ingejipanga mstari mmoja, na uchawi uliofungwa tangu zama ukafunguka. Kwenye daftari nilikuwa nimeandika: kila baada ya miaka mia. Kwa nini mia? Ilipendeza masikioni. Sisi waandishi wa hadithi za namna hii huchagua namba nyingi hivyohivyo.

Jioni ile nilikuwa nikimsimulia mpwa wangu sura hiyo. Alikuwa katika umri ule ambao mtoto hakubali kitu mpaka akione kinavyofanya kazi.

"Mjomba, nani anaizuia isikutane kabla ya miaka mia?"

Nikamwambia ndivyo mbingu ya kule ilivyo.

"Sasa si inazunguka? Kitu kinachozunguka kinarudi."

Akaenda kuleta chaki. Tukachora duara tatu sakafuni, moja ndani ya nyingine, kila moja tukaigawa vipande vinane, katikati tukaweka kikombe kuwa ndiyo dunia yenyewe. Miezi ikawa vizibo vya chupa. Tukakubaliana kwamba kila pigo la kofi mwezi wa nje utasogea kipande kimoja, wa kati viwili, wa ndani vinne. Kwa kalenda niliyokwisha kuwatungia watu wangu, mwezi wa nje ulimaliza mzunguko kwa siku 24, wa kati 12, wa ndani 6.

Tukaanza vizibo vyote vikiwa mstari mmoja. Akapiga makofi manane, vikarudi palepale.

"Siku 24," akasema. "Watapata uchawi kila baada ya siku 24. Watauzoea, Mjomba. Watakuwa wanaufulia nguo."

Nilicheka mpaka nikaketi. Tukajaribu kuichafua hesabu: mwezi mmoja siku 7, wa pili 11, wa tatu 13, namba ambazo hazigawanyiki kwa zenzake. Kurudi yote mahali ilipoanzia kulihitaji siku 1001. Zinasikika nyingi, ila ukizigeuza kuwa miaka yetu hata mitatu haifiki. Nikamweleza kwamba hata mwezi wetu huu mmoja una hila: njia yake imeinama kama nyuzi 5 ukiilinganisha na njia ya dunia kuzunguka jua, ndiyo maana mara nyingi hupita juu au chini ya mstari, na jua halipatwi kila mwezi unapoandama. Tungeweza kuziinamisha njia za miezi yangu pia, tukaongeza miaka. Alisikiliza kwa adabu, lakini niliona hajaridhika. Kungoja kwa muda mrefu, kwake, kulikuwa kungoja tu.

Hapo ndipo nikakumbuka sayari ya Mshtarii, yaani Jupita. Galileo, mtaalamu wa nyota wa Italia, aliiona miezi yake minne kwa darubini mnamo Januari 1610. Mitatu ya ndani, Io, Europa na Ganymede, inakwenda kwa karibu uwiano uleule tuliouchora sakafuni: Ganymede ikimaliza mzunguko mmoja, Europa imemaliza miwili, na Io minne. Ila haijipangi yote mitatu upande mmoja. Mwanahisabati Mfaransa Pierre-Simon Laplace, katika karne ya 18, alionyesha kwamba mivutano yao imewafunga katika mpangilio ambao Europa na Ganymede zikikutana, Io huwa upande wa pili.

Nikachukua kizibo cha ndani, nikakihamishia upande wa pili wa kikombe. Viwili vingine nikaviacha pamoja.

"Piga kofi."

Akapiga. Akasogeza. Kofi la pili likawakutanisha wa ndani na wa kati, lakini wa nje ulikuwa robo duara mbali nao. Akaendelea, mara anaharakisha, mara ananitazama kama ninayemfanyia kiini macho. Kofi la nane vikawa palepale tulipovianzishia.

"Haikutani," akasema.

"Haikutani."

"Hata wakingoja miaka elfu?"

"Hata wakingoja mpaka kuku aote meno."

Akakaa kimya kidogo, kisha akauliza swali ambalo ningelilipia: "Sasa je, siku ikikutana?"

Nikafuta miaka mia. Kule kwetu kwa kubuni, kila nahodha na kila mkunga angejua kwamba miezi haikutani, na viapo vyao vingesimama juu ya ujuzi huo: nitakusaliti siku mitatu ikiwa mmoja. Halafu siku hiyo inafika. Mpwa wangu akataka iwe mchana, mawingu yametanda, asiione mtu. Wa kwanza kujua wawe wavuvi, kwa kuwa miezi ikivuta pamoja bahari lazima ijue. Sisi kwetu jua na mwezi vikivuta kwa mstari mmoja tunapata bamvua, maji kujaa na kupwa kupita kawaida. Wao wangeona maji yakipwa, yakaendelea kupwa, mpaka zikatokea ngazi za mawe ambazo hakuna hata babu aliyewahi kuzisikia.

Tulibishana juu ya ngazi zile hadi usiku. Yeye alitaka zishuke. Mimi nilitaka zipande kutoka chini, yaani zimejengwa na walioko huko. Akashinda nusu: zishuke, lakini ziwe na nyayo zinazopanda.

Kisha akadai ujira. Alitaka mwezi mmoja uitwe jina lake. Nikampa ule wa ndani, akalalamika kwamba ndio mdogo kuliko yote. Nikamwambia ndio wenye mbio kuliko yote, na ndio uliokuwa ukikataa siku zote. Akafikiri, akasema sawa, ila uwe mwekundu.