Kutoka Banjul hadi Niani kwa barabara

Gari liliondoka Banjul, mji mkuu wa Gambia, likiliacha nyuma Arch 22, lango la mita 35 ambalo rais wa zamani Yahya Jammeh alilijenga kukumbuka mapinduzi yake ya Julai 22, 1994. Kilichomshinda kwenye uchaguzi wa Desemba 1, 2016, ni gololi.

Gambia haipigi kura kwa karatasi. Kila mgombea wa urais ana pipa la chuma lenye rangi yake na picha yake. Mpiga kura hupewa gololi moja, huingia nyuma ya pazia na kuitumbukiza kwenye mdomo wa pipa. Ndani inagonga kengele, na msimamizi aliye nje anasikia. Chini hutandazwa mchanga au unga wa mbao ili gololi ikianguka isilie tena. Kengele ikilia mara mbili, kuna mtu kadanganya. Ndiyo maana baiskeli, zenye kengele zao, huzuiwa karibu na kituo siku hiyo. Wakati wa kuhesabu, gololi hupangwa kwenye trei zenye matundu 200 au 500. Kwa bibi asiyejua kusoma, hakuna kura ya siri iliyo rahisi kuliko hii.

Tukashika njia ya kijiji cha Jambur. Mwaka 2009 watu wa Jammeh waliwazoa wazee hapa, wake kwa waume, kwa madai ya uchawi, wakawanywesha dawa iliyowapumbaza. Wengine walikufa. Tume ya Ukweli, iliyochunguza maovu ya utawala wa Jammeh, ilipokea ushahidi wao mwaka 2019, lakini jina la mchawi likishakuganda kijijini halitoki kwa ushahidi wa tume.

Baada ya mji wa Soma tulivuka Mto Gambia kwa daraja lililofunguliwa Januari 2019, tukatokea Farafenni, kisha mashariki hadi wilaya ya Niani. Huku ndiko sheria ya mwaka 2015 dhidi ya ukeketaji ilikopata hukumu yake ya kwanza, Agosti 2023: wanawake watatu walitiwa hatiani kwa kuwakeketa watoto wachanga wanane. Kasoro ya sheria hiyo ilikuwa chimbuko lake. Jammeh alitangaza marufuku kwa kauli yake, bila kijiji kushawishiwa, na alipoondoka wengi waliiona kama amri ya dikteta. Machi 2024 wabunge 42 dhidi ya 4 waliupeleka kwenye kamati mswada wa kuifuta. Julai 15 Bunge hilohilo likakataa vifungu vyake vyote, mswada ukafia hapo.

Ndani ya Bunge hilo wanawake walikuwa 5 kati ya wabunge 58. Rasimu ya katiba ya 2020 ingewatengea viti 14, lakini ilipata kura 31 dhidi ya 23, na robo tatu iliyotakiwa haikufikiwa.

Sheria bado ipo: jela hadi miaka 3, faini ya dalasi 50,000, au vyote viwili. Wale watatu walitozwa dalasi 15,000 kila mmoja, na aliyewalipia ni imamu.