Siku niliyoipokea treni

Mwaka 2019 nilikuwa nimeshazoea kukaa peke yangu Moshi. Chumba na sebule, cherehani dirishani, jiko la mkaa nje ya mlango. Asubuhi ndiyo ilikuwa yangu hasa: nafungua mlango kabla wingu halijaifunika Kibo, nabandika chai ya tangawizi, redio naiacha isemee chini. Majirani walinionea huruma, zaidi sikukuu zikikaribia. Huruma yenyewe sikuihitaji. Utulivu ule niliutafuta mwenyewe na niliupenda.

Desemba hiyo treni ya abiria kutoka Dar es Salaam ikarudi, baada ya zaidi ya miaka 20. Anayeijua Desemba ya Kilimanjaro ataelewa furaha yetu: Wachaga wanarudi nyumbani kwa Krismasi, tiketi za basi hazishikiki, watu wanakesha stendi. Mimi nilichokuwa nimekikosa ni honi. Utotoni ndiyo iliyotuamsha.

Asubuhi moja nikaisikia. Nikaepua chai, nikajitanda kanga, nikashuka stesheni. Watu wamejaa, kila mmoja anachungulia madirishani akitafuta wake. Kwenye behewa la nyuma akateremka bibi mmoja aliyepandia Korogwe, kashika kikapu cha machungwa kilichofungwa kitenge.

"Shikamoo, bibi."

"Marahaba, mwanangu. Umekuja kumpokea nani?"

"Sina mgeni. Nimekuja kuipokea treni."

Akacheka mpaka akaweka kikapu chini. "Basi nipokee na mimi. Mwanangu yuko kazini mpaka saa sita."

Nikambebea kikapu hadi kwangu, nikaipasha chai. Akauliza nakaa na nani. Nilipomjibu, nikajiandaa kwa pole niliyoizoea. Akatazama kitanda kilichotandikwa, vitambaa nilivyovikunja kwa rangi, redio inayonong'ona.

"Pametulia," akasema. "Kwangu wajukuu tisa. Nitandikie mkeka."

Akalala palepale, mkono chini ya shavu. Sikugusa cherehani, ingemwamsha. Nikakaa nashona vifungo kwa mkono. Sikuwahi kuwa na mgeni aliyenistarehesha namna ile, na alikuwa amelala tu.

Saa sita mwanawe akaja na pikipiki, akaomba radhi kwa usumbufu. Bibi akamkatiza: "Usumbufu gani? Nimelala kama mtoto." Akanimwagia machungwa mezani, akaniuliza kama Januari, akirudi Korogwe, anaweza kupitia tena. Nikamwambia aje mapema, treni isimkute bado amelala.