Kushuka Bonde la Ufa Kwenda kwa Mwalimu

Matatu ya Naivasha ilijaa haraka pale Nyamakima, lakini niliwahi kiti cha dirishani upande wa kushoto. Ukishuka kwa barabara ya chini, bonde lote hukaa upande huo. Nilikuwa nakwenda kumwona mwalimu wangu wa hesabu, aliyestaafu akahamia shambani karibu na ziwa.

Kangemi, Uthiru, Kinoo: foleni, basi. Rironi dereva akashika njia ya Mai Mahiu, na punde ardhi ikakatika. Longonot, mita 2,776, imesimama peke yake na kreta yake wazi kileleni. Suswa iko kushoto zaidi, pana na chini. Nimepita hapa tangu utotoni na bado hunyamaza kila nikifika. Ukiwa kwenye ukingo huu unaliona umbo la nchi: ufa ulikopita, volkano zilikochipuka, lava iliposimamia. Ukishafika chini unaona vichaka vya leleshwa tu. Tulilipita lile kanisa dogo la mawe lililojengwa 1942 na mateka wa Kiitaliano waliokuwa wakitengeneza barabara hiyo.

Mwalimu alitufundisha kuitazama programu kutoka juu namna hiyo. Kompyuta za shule zilikuwa chache, ila hata zingekuwa tele asingeturuhusu kuzigusa kabla ya kuipitia programu kwa penseli: unachora safu kwa kila jina linalobeba thamani ndani ya programu, unashuka mstari kwa mstari ukiandika thamani inavyobadilika, mpaka uweze kusema jibu litakuwa nini. Lugha ya kuandikia programu ilikuwa Pascal. Niklaus Wirth aliitoa 1970 kule Zürich akikusudia ifae kufundishia, na kweli inafaa: kila jina hutangazwa kabla ya kutumika, na aina yake, nambari au herufi, husemwa waziwazi. Wenzangu waliona huo ni usumbufu. Mimi niliipenda kwa sababu hiyohiyo.

Siku hizi mkate wangu Nairobi unatoka kwa Python, lugha ambayo Guido van Rossum aliitoa 1991. Naipenda pia, wazo la asubuhi unaliona likifanya kazi kabla ya chai ya saa nne. Lakini jina lililobeba nambari hapa linaweza kubeba maneno mistari kumi mbele, na programu ikiwa kubwa unaweza kulitafuta kosa hilo mchana kutwa. Lisp, lugha aliyoibuni John McCarthy mwaka 1958, niliijua baadaye. Ndiyo iliyonionyesha uzuri wa kipande cha programu kinachojiita chenyewe, kila mara kwa tatizo dogo zaidi, hadi tatizo liishe.

“Mwalimu, habari za siku nyingi?”

“Nzuri, kijana wangu, karibu. Penseli bado unayo?”

Nilimtolea daftari langu. Alilisoma ukurasa baada ya ukurasa, kimya, kama alivyosahihisha zamani, akaweka alama ya swali mahali pamoja. Alikuwa sahihi.

Mjukuu wake ameanza sekondari na anataka kujifunza. Mimi nikapendekeza Python, ili aone matunda mapema. Mwalimu akakataa katakata. Tulibishana hadi chai ya pili, tukakubaliana: karatasi na Pascal muhula huu, nami nitakuja likizo ya Desemba na kompyuta yenye Python.